Rukia wa Batavia: jinsi jukwaa lilivyoiokoa sinema ya Indonesia

Jina lake liliandikwa Roekiah. Msomaji wa Kiswahili akilikuta kwa mara ya kwanza atasita kidogo, maana maandishi yake ni ya Kiholanzi, na "oe" ya Kiholanzi ni "u" yetu. Litamke sasa. Utakuwa umeita Rukia, jina ambalo ukilitaja sokoni Tanga au Lamu hutakosa wa kuitika. Asili yake ni moja, jina la binti wa Mtume, na Bahari ya Hindi ililibeba mpaka kwenye kingo zake zote.

Rukia huyu alizaliwa Bandung, Java Magharibi, tarehe 31 Desemba 1917, na alifariki Jakarta tarehe 2 Septemba 1945, hata miaka 28 hajatimiza. Filamu zake karibu zote zilitengenezwa kati ya 1937 na 1941. Ni muda mfupi mno. Lakini mtu akiniuliza sinema ya Indonesia ilianzaje, nani aliigharamia, nani aliingia kuitazama, na kwa nini wenyewe mpaka leo wanabishana ilianza lini hasa, humwambia amfuate Roekiah. Wengi huamini kwamba sinema ndiyo humtengeneza nyota. Kwa Roekiah mambo yalikuwa kinyume. Alifika mbele ya kamera akiwa nyota tayari, na sinema iliyokuwa imelala chini ikanyanyuka kwa sababu yake na ya wenzake wa jukwaani.

Binti wa jukwaani

Wazazi wake, Mohammad Ali na Sitti Ningsih, wote wawili walikuwa waigizaji katika kundi lililoitwa Opera Rhoda. Neno "opera" hapa lisikupeleke Italia. Opera ya Kimalayu ilikuwa maonyesho ya mchanganyiko: hadithi, nyimbo, ngoma na vichekesho katikati ya pazia na pazia. Mwaka 1891 katika mji wa Surabaya lilizaliwa kundi maarufu la Komedie Stamboel, likiongozwa na August Mahieu, chotara wa Kizungu na mwenyeji wa huko, kwa mtaji wa mfanyabiashara wa Kichina. Stamboel ni Istanbul. Kundi liliitwa hivyo kwa kuwa hadithi zake za mwanzo zilichotwa kwenye Alfu Lela Ulela, masimulizi yaleyale ya Aladini na Ali Baba ambayo bibi zetu waliyajua. Makundi ya namna hiyo yakaenea visiwa vyote, yakisafiri kwa meli na treni na mabegi ya mavazi.

Waliigiza kwa Kimalayu, na hili ni jambo la kushika. Java peke yake ina Kijava na Kisunda, na visiwa vingine vina lugha zao kwa mamia. Kimalayu kilikuwa lugha ya bandarini na sokoni, lugha ya mtu kuzungumza na asiye wa kabila lake, kama Kiswahili kilivyokuwa kwenye njia za misafara. Mwaka 1928 vijana wazalendo waliokutana Batavia, ambayo leo ni Jakarta, walikitangaza kuwa lugha ya umoja wakakiita Kiindonesia. Lakini kabla ya vijana wale, waigizaji walikuwa wamekwisha kukizungusha mji kwa mji.

Basi Roekiah alikulia nyuma ya pazia. Katikati ya miaka ya 1920, angali mtoto mdogo, aling'ang'ania naye apande jukwaani. Ndugu walikataa. Mama akalegea, kwa sharti kwamba ataimba mara moja tu, basi. Baba hakuambiwa. Mtoto akapanda, akaanza kuimba, na Ali alipomwona alitoka mbio mpaka jukwaani akamtaka anyamaze. Baada ya hapo Roekiah aligoma kula. Hakugusa chakula mpaka wazazi wakasalimu amri.

Nakipenda kisa hiki kuliko vingine vyote vya maisha yake, kwa sababu kinaonyesha kitu ambacho orodha ya filamu haiwezi kukionyesha. Ali na Ningsih waliijua kazi ile kwa ndani: njaa yake, safari zake, na namna watu walivyowatazama wanawake wa jukwaani. Hawakumkataza kwa kuidharau kazi yao. Walimkataza kwa kuwa walijua inavyomla mtu.

Ilipofika 1932 alikuwa amekwisha kujulikana kama mwigizaji, mchezaji ngoma na mwimbaji. Mwaka huo alijiunga na kundi la Palestina mjini Batavia, na hapo sifa yake ya kuimba kroncong ikakua. Kroncong ni muziki wa ala ndogo za nyuzi zenye asili ya Kireno, mwendo wa taratibu na sauti ya kubembeleza, na miaka hiyo redioni na kwenye santuri ndio uliokuwa ukitawala. Katika kundi hilo alikutana na Kartolo, mpiga piano na mchekeshaji. Walioana 1934, na kutoka hapo karibu hawakufanya kazi mbalimbali tena. Mwaka 1936 walikuwa Singapore na kundi lingine, Faroka.

Sinema isiyokuwa na watu wake

Sasa turudi nyuma kidogo, maana upande wa pili wa hadithi ulikuwa ukienda njia yake peke yake.

Filamu ya kwanza ya hadithi kutengenezwa katika koloni lile la Waholanzi, ambalo leo ni Indonesia, ilikuwa Loetoeng Kasaroeng, iliyotokana na ngano ya Wasunda. Iliongozwa na L. Heuveldorp, Mholanzi, kamera ikashikwa na G. Krugers. Ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Bandung, usiku wa 31 Desemba 1926. Tazama tarehe hiyo: ni siku Roekiah alipotimiza miaka tisa, na ni mji aliozaliwa. Mtawala wa kienyeji wa Bandung, Wiranatakusumah V, aliiunga mkono kazi hiyo, na walioigiza walitoka katika familia za kitukufu. Waigizaji wa jukwaani hawakuwamo.

Hapo ndipo kosa lilipoanzia, na lilichukua miaka kumi na moja kurekebishwa. Watengenezaji wa filamu, Waholanzi na Wachina, walikuwa na kamera. Walijua kusafisha filamu na kukodi ukumbi. Walichokosa ni sura ambazo watu walikuwa tayari kuzilipia. Kwenye kumbi za sinema wenyeji walikaa viti vya bei ya chini kabisa, mbele karibu na skrini, mahali palipoitwa kelas kambing, yaani daraja la mbuzi. Watu wa daraja la mbuzi walikuwa wakitazama filamu za Marekani kwa wingi, za mapigano na farasi na misitu. Filamu ya kienyeji ilipaswa kushindana na hizo kwa fedha kidogo na vifaa vya kuagiza ng'ambo.

Ndugu watatu wa ukoo wa Wong, Nelson, Joshua na Othniel, walikuja kutoka Shanghai wakatengeneza Lily van Java mwaka 1928. Mtengenezaji mwingine, aitwaye The Teng Chun, akaingia na filamu za sauti kuanzia 1931. Ndugu wa ukoo wa Tan nao wakajaribu. Wengi walifanya mara mbili tatu, wakafunga duka.

Anguko kubwa lilikuja 1936. Mwandishi wa habari wa Kiholanzi, Albert Balink, alishirikiana na ndugu Wong akamleta kutoka Uholanzi mwongozaji Mannus Franken, wakatengeneza Pareh, hadithi ya mapenzi ya kijana wa wavuvi na binti wa wakulima wa mpunga. Picha zilikuwa nzuri. Wazungu waliisifu. Wenyeji hawakujaa ukumbini, na hasara iliwafilisi waliotia fedha. Nadhani sababu si ngumu kuiona. Pareh ilimtazama mwenyeji kwa jicho la mgeni anayestaajabia mashamba na mila, na mwenyeji hana haja ya kulipa kiingilio ili aonyeshwe shamba lake. Kitu kimoja tu chenye faida kilibaki kutoka humo: kijana mrefu mwenye kifua kipana aitwaye Raden Mochtar, ambaye jina lake kwenye matangazo liliandikwa Rd Mochtar.

Mbalamwezi ya 1937

Balink alikuwa na moyo wa kurudia. Safari hii alianzisha kampuni yenye jina refu la Kiholanzi lililofupishwa kuwa ANIF, akawachukua tena ndugu Wong, na kazi ya kuandika hadithi akampa Saeroen, mwandishi wa magazeti aliyewajua watu wa maigizo wa Batavia. Filamu iliitwa Terang Boelan, yaani mbalamwezi.

Hadithi yenyewe si ya kumkosesha mtu usingizi. Rohaya na Kasim wanapendana kisiwani. Baba wa Rohaya anataka kumwoza kwa Musa, mtu asiye na sifa njema. Wapenzi wanatoroka kwenda Malaka, Musa anawafuata, wanapigana, mambo yanakwisha vizuri. Balink alikuwa ameona filamu ya Marekani iliyokuwa ikijaza kumbi mwaka uliotangulia, ya msichana wa msituni aliyeigizwa na Dorothy Lamour, akataka kitu cha ladha hiyo. Hata jina la kisiwa halikutoka kwenye ramani: Sawoba, silabi za mwanzo za Saeroen, Wong na Balink.

Kilichokuwa kipya ni watu. Rohaya alikuwa Roekiah. Pembeni yake alikuwamo Kartolo na wengine waliozoea kusimama mbele ya hadhira hai kila usiku, wanaojua sekunde ya kusubiri kicheko kiishe. Na nyimbo za kroncong ziliwekwa ndani ya hadithi, kama jukwaani.

Rd Mochtar alikuwa na umbo la shujaa, lakini sauti yake ilikuwa nzito mno kwa kroncong. Suluhisho lilikuwa kumweka Ismail Marzuki, mwanamuziki kijana ambaye baadaye angekuwa mtunzi mkubwa wa nyimbo za taifa hilo, aimbe yeye, na Mochtar achezeshe midomo. Kwa hiyo mtazamaji alimwona Mochtar na kumsikia Ismail. Roekiah hakuhitaji kufichwa nyuma ya koo la mtu. Sura ni yake, sauti ni yake, na watu walikuwa wakiijua sauti hiyo kabla taa hazijazimwa ukumbini.

Filamu ilianza kuonyeshwa Batavia Desemba 1937. Ilipofika Singapore na Malaya, ikisambazwa na kampuni ya Marekani ya RKO, iliingiza takriban dola 200,000 za huko katika miezi miwili. Kwa filamu ya Kimalayu hicho kilikuwa kiwango kisichowahi kuonekana. Wafanyabiashara wa Singapore nao walianza kufikiria kutengeneza filamu za Kimalayu za kwao.

Na hapa kuna jambo ambalo kila nikilisoma linanishangaza. Baada ya faida yote hiyo, ANIF iliacha kutengeneza filamu za hadithi. Wakubwa wake walipendelea filamu za habari na za mafunzo. Roekiah na wenzake walijikuta hawana kazi katikati ya umaarufu wao. Wakafanya walichokijua tangu utotoni: waliunda kundi la jukwaani, wakaliita Terang Boelan, wakaenda kuzunguka Singapore.

Kampuni ya ndugu Tan

Waliporudi, ndugu Tan walikuwa wakiwangoja. Kampuni yao, Tan's Film, iliwaajiri Roekiah, Kartolo na Mochtar, na ndugu Wong wakashika kamera. Roekiah na Kartolo walipewa malipo ya kila mwezi na nyumba ya kukaa Batavia. Kwa waigizaji waliozoea kulipwa kwa onyesho, hilo lilikuwa jambo la kutuliza moyo, hasa kwa kuwa walikuwa na watoto. Mwana wao Rachmat alizaliwa 1938.

Mwaka huohuo ilitoka Fatima. Ilikuwa Terang Boelan iliyobadilishwa nguo: kisiwa, wapenzi wawili, mwovu wa kuwatenganisha, nyimbo. Iligharimu guldeni 7,000, fedha ya Kiholanzi, ikaingiza 200,000. Baada ya hesabu hiyo hakuna aliyehitaji kushawishiwa tena. Kampuni mpya zilifunguliwa moja baada ya nyingine, makundi ya jukwaani yakanyang'anywa waigizaji wake, na ilipofika 1941 koloni lilikuwa likitoa takriban filamu 30 kwa mwaka. Miaka minne kabla yake zilikuwa za kuhesabu kwa vidole vya mkono mmoja.

Roekiah na Mochtar wakawa jozi ya kwanza ya skrini ambayo watu waliifuata filamu hadi filamu, Gagak Item mwaka 1939, kisha Siti Akbari. Nje ya skrini kila mmoja alikuwa na mwenzi wake, na hilo halikuwapunguzia mashabiki. Wasichana waliiga mavazi ya Roekiah, na biashara zilitumia sura yake kwenye matangazo.

Mwaka 1940 Mochtar alihama kampuni kwa ugomvi wa malipo. Kampuni ilihitaji mwanamume mwingine haraka. Kartolo alimfahamu fundi cherehani mmoja, Ismail Djoemala, aliyekuwa pia akiimba na kikundi cha muziki. Djoemala hakuwahi kuigiza. Walimwita, wakamwambia asimame wamwone urefu. Akasimama. Wakaridhika. Huo ndio uliokuwa usaili wote.

Ukiitafakari picha hiyo, unaelewa nani alikuwa mhimili. Mwanamume aliweza kubadilishwa kwa kupimwa kimo. Hakuna aliyefikiria kumbadilisha Roekiah. Filamu ya kwanza ya jozi mpya, Sorga Ka Toedjoe, ilipokewa vizuri, na iliyofuata ilipewa jina Roekihati, ili hata anayepita barabarani akiona bango ajue ni ya nani.

Mwaka 1941 Tan's ilimpeleka kwenye Koeda Sembrani, hadithi ya farasi arukaye angani, na Aladdin dengan Lampoe Wasiat. Zote mbili ni Alfu Lela Ulela. Miaka hamsini baada ya Mahieu kuzipandisha jukwaani Surabaya, hadithi zilezile zilikuwa zinaigizwa na binti wa watu wa opera, safari hii mbele ya kamera.

Wajapani, na baada yao

Machi 1942 Java iliangukia mikononi mwa Wajapani. Studio za Wachina zilifungwa, filamu za Marekani zikapigwa marufuku, na utengenezaji uliobaki ukawa wa propaganda. Waigizaji walirudi jukwaani, chini ya macho ya watawala wapya. Roekiah alizunguka Java akiigiza, na mwaka 1944 alionekana na Kartolo katika filamu fupi ya propaganda, Ke Seberang. Ndiyo ya mwisho.

Mapema 1945 alianza kuumwa. Mimba ikaharibika. Alipaswa kulala, lakini yeye na Kartolo walitakiwa kwenda kuigiza Surabaya, na wakati ule amri haikuwa ya kujadiliwa. Aliporudi hakuinuka tena. Alifariki tarehe 2 Septemba 1945, siku ileile Japani ilipotia saini kusalimu amri katika ghuba ya Tokyo, na siku 16 tangu Soekarno atangaze uhuru wa Indonesia. Miongoni mwa waliohudhuria maziko yake alikuwa Ki Hajar Dewantara, waziri wa elimu wa serikali iliyokuwa changa kabisa.

Kartolo aliiacha sinema akarudi Yogyakarta. Alifariki Januari 1949.

Kuna fundo moja bado halijafunguka. Indonesia huadhimisha siku ya filamu ya taifa tarehe 30 Machi, siku ambayo mwaka 1950 Usmar Ismail alianza kupiga picha za Darah dan Doa. Hoja ni kwamba hiyo ndiyo filamu ya kwanza iliyoongozwa na kumilikiwa na Mwindonesia. Kwa kipimo cha umiliki, hoja ina nguvu, na taifa lililotoka vitani lilikuwa na haki ya kuchagua mwanzo wake. Lakini kipimo hicho kinaihesabu kamera na mfuko wa fedha, hakimhesabu mtu aliyesimama mbele ya kamera wala aliyekaa daraja la mbuzi. Kwa kipimo hicho Terang Boelan ni ya Mholanzi, Fatima ni ya Wachina waliozaliwa na kuishi hapohapo, na Roekiah anakuwa mgeni katika sinema ya nchi yake. Mimi sikubaliani nacho. Lugha ilikuwa Kimalayu, nyimbo zilikuwa kroncong, watazamaji walikuwa wenyeji, na waigizaji walikuwa wametoka kwenye majukwaa ya mama na baba zao.

Ubishi huu ungekuwa rahisi kuumaliza kama tungeweza kuzitazama filamu zenyewe. Filamu za wakati ule zilichapwa kwenye naitreti, kitu kinachowaka moto upesi na kuoza chenyewe, na katika joto na unyevu wa Java, vita na mapinduzi, nyingi ziliangamia. Hifadhi ya filamu, Sinematek Indonesia, ilianzishwa na Misbach Yusa Biran mwaka 1975, wakati kwa kazi nyingi za kabla ya vita ilikuwa kuchelewa. Terang Boelan inahesabiwa kuwa imepotea. Zimebaki picha za matangazo, maandishi ya magazeti, na kumbukumbu ambazo Misbach alizikusanya kwa wazee waliokuwepo.

Rachmat, yule aliyezaliwa mwaka wa Fatima, alikuwa hajafikisha miaka minane mama yake alipofariki. Alikua, akawa mwimbaji na mwigizaji wa filamu, na miaka ya 1960 sauti yake ilisikika nchi nzima, kwa lugha ileile ambayo mama yake aliimbia. Aliitwa Rachmat Kartolo, kwa jina la baba.